Ushauri: Mwanangu ana trakeostomi, na daktari anapendekeza kupanua njia ya hewa kwa gegedu la ubavu

Mama Njiti aliandika:

Ndugu zangu, ninaomba ushauri, hasa kwa wazazi waliopitia jambo hili na kwa wataalamu wa koo waliomo humu.

Mwanangu wa kiume ana umri wa miaka 2 na miezi 3. Alizaliwa njiti wa wiki 29, akiwa na gramu 1,150, na alikaa kwenye mashine ya kupumulia kwa wiki 5, mpira ukiwa umepitishwa mdomoni hadi kwenye koo la hewa. Alipofikisha miezi 4, tukiwa nyumbani, nilianza kusikia mlio mwembamba kama mluzi kila alipovuta pumzi, na nyama za katikati ya mbavu zikawa zinabonyea ndani. Hospitali tuliyompeleka ilisema ni pumu. Kwa miezi 3 tulimpulizia dawa za pumu bila nafuu yoyote, hadi usiku mmoja mafua yalipomshika na midomo ikageuka rangi. Tulikimbilia hospitali nyingine, nao wakamwekea trakeostomi, yaani tundu la kupumulia shingoni lenye mpira, usiku uleule. Tundu lile la shingoni ndilo lililomwokoa, na hadi leo inaniuma kwamba tulipoteza miezi 3 kutibu ugonjwa ambao hakuwa nao.

Baadaye walimwingiza kamera akiwa katika usingizi wa dawa, wakakuta sehemu iliyo chini ya nyuzi za sauti imezibwa na kovu, daraja la tatu, upenyo uliobaki ukiwa mdogo kama kichwa cha pini. Sasa ana kilo 10.4, anatembea na anacheza, ila hana sauti. Akilia unaona machozi tu. Daktari bingwa anapendekeza upasuaji wa kupanua njia ya hewa kwa kupandikiza kipande cha gegedu (mfupa laini) la ubavu wake mwenyewe, kwa hatua mbili, yaani trakeostomi ibaki kwanza na iondolewe baadaye. Mume wangu anaogopa mtoto kukatwa ubavu. Mama mkwe anasema tumwache akue, koo litapanuka lenyewe. Je, tukubali sasa au tusubiri? Kwa nini isifanyike hatua moja tu, tundu likafungwa siku hiyohiyo? Na sauti yake itarudi?

Muuguzi wa Watoto alijibu:

Pole sana, dada, na hongera kwa kumlea mtoto mwenye trakeostomi kwa muda wote huo, maana kazi hiyo ninaijua.

Nianze na neno la mama mkwe, kwa sababu halikutoka hewani. Wapo watoto ambao njia yao imebana kidogo tu, na kwa hao ni kweli kwamba kadiri wanavyokua nafasi huongezeka. Lakini kovu gumu la daraja la tatu halitarajiwi kufunguka lenyewe. Chini ya nyuzi za sauti kuna pete ya gegedu iitwayo krikoidi, na ndiyo pete pekee iliyofunga mzunguko wote. Zile za chini yake zina umbo la kwato, nyuma ziko wazi. Kwa hiyo uvimbe wa mahali pale hauna pa kwenda isipokuwa ndani. Njia ya hewa ya mtoto mchanga hapo ina upana wa milimita 4 hadi 5, na uvimbe wa milimita 1 tu kuzunguka ndani hupunguza nafasi ya hewa kwa zaidi ya nusu. Mpira ukikaa muda mrefu hubana utando laini, damu haifiki vizuri, kinatokea kidonda, na kidonda kinapopona huacha kovu.

Kwa wazazi wengine wanaosoma hapa: mlio wa pumu kwa kawaida husikika zaidi mtoto anapotoa pumzi. Mtoto aliyewahi kuwekewa mpira wa kupumulia, kisha akawa na mlio anapovuta pumzi, anastahili kuonwa na daktari wa koo mapema.

Na wewe, dada, hadi siku ya upasuaji, mfuko wa dharura usiachane na mtoto hata akienda kwa jirani: mpira wa akiba wa saizi ileile, mwingine mdogo kwa saizi moja, kamba za kufungia, mkasi, na mashine ya kufyonza makohozi iliyochajiwa. Kwa upenyo kama wake, mpira wa shingoni ukiziba hana njia nyingine ya kutegemea. Kwa sababu hiyohiyo msimwekee kifuniko cha kuongelea bila idhini ya daktari, hata mkishawishiwa na mtu aliyeona kikimsaidia mtoto mwingine, kwa kuwa hewa itaingia kupitia shingoni na isipate pa kutokea.

Daktari wa Masikio, Pua na Koo alijibu:

Mama, sijamwona mtoto, kwa hiyo daktari aliyeingiza kamera ndiye mwenye neno la mwisho. Nitaeleza tu namna tunavyofikiri.

Daraja mliloambiwa linatokana na mpangilio uliochapishwa mwaka 1994 na Myer, O'Connor na Cotton: la kwanza ni kuziba hadi asilimia 50, la pili ni 51 hadi 70, la tatu ni 71 hadi 99, na la nne hakuna upenyo kabisa. Daraja la tatu lina upana mkubwa sana ndani yake. Aliyeziba asilimia 75 na aliyeziba asilimia 98 wote wanaitwa wa tatu, lakini si wagonjwa wanaofanana, kwa hiyo ulizeni asilimia yenyewe, urefu wa kovu, na kama nyuzi za sauti zinacheza pande zote mbili.

Upasuaji wenyewe si jaribio jipya. Blair Fearon na Robin Cotton walichapisha taarifa ya awali ya mbinu ya kupanua sehemu hii mwaka 1972, na Cotton aliiendeleza kwa miaka mingi huko Cincinnati, Marekani. Pete ya krikoidi hupasuliwa mbele, na pengine nyuma pia, kisha kipande cha gegedu kilichochongwa hupachikwa katika mpasuo ule, kama fundi anavyotia kikwapa kwenye kanzu ili mkono upate nafasi. Mwambie baba wa mtoto kwamba ubavu haukatwi ukatoka. Kinachochukuliwa ni kipande cha gegedu la mbele, na utando wa ndani huachwa mahali pake. Kabla ya kushona, mpasuaji hujaza maji kwenye jeraha na kutazama kama viputo vinatoka, ili ahakikishe kwamba nafasi ya mapafu haikutobolewa.

Hatua moja inawezekana kwa baadhi ya watoto, nami ninaelewa kwa nini inavutia. Lakini gharama yake ni kwamba mtoto hukaa ICU kwa takriban wiki moja, mpira ukipitia puani kushikilia pandikizi, akiwa amelazwa kwa dawa, na mpira ule ukichomoka saa 8 usiku lazima awepo mtu anayeweza kuurudisha bila kuharibu kazi yote. Katika hatua mbili, kihimili cha ndani, yaani kifaa cha kushikilia pandikizi, hukaa kwa wiki kadhaa huku mtoto akipumua kwa trakeostomi. Kwa njiti mwenye mapafu yaliyochoka, na pale ambapo ICU ya watoto haina wauguzi wa kutosha usiku na mchana, mimi pia ningechagua hatua mbili. Kovu likiwa kali zaidi, ipo njia ya kukata sehemu iliyoharibika na kuunganisha ncha mbili, ambayo Philippe Monnier wa Lausanne, Uswisi, aliichapisha kwa watoto mwaka 1993.

Kuhusu kusubiri, kilo zake zinatosha, maana wapasuaji wengi hupenda mtoto awe amefikia takriban kilo 10. Lakini uzito peke yake haumfanyi awe tayari. Koo likiwa jekundu na lenye uvimbe tunaahirisha. Asidi ya tumbo inayopanda kooni, uwezo wa kumeza, haja ya oksijeni na bakteria sugu kwenye makohozi vyote vichunguzwe kwanza, kwa sababu pandikizi la kwanza ndilo lenye nafasi nzuri zaidi, na kurudia juu ya kovu la upasuaji ni kugumu. Waulizeni pia bila aibu ni watoto wangapi wamewafanyia upasuaji huu. Kama ni wachache, ombeni rufaa kwenda penye timu iliyozoea. Katika Afrika, Hospitali ya Watoto ya Red Cross War Memorial mjini Cape Town ina uzoefu wa miaka mingi, pamoja na mpango wa kuwafundisha wazazi kutunza trakeostomi nyumbani.

Baba wa Binti alijibu:

Dada, binti yangu alifanyiwa nchini India akiwa na miaka 3, kwa hatua mbili. Sitakuficha kwamba haikuwa safari ya mstari mmoja. Baada ya kihimili kutolewa, njia ilianza kubana tena, wakaipanua kwa puto mara mbili. Kisha mpira wa shingoni ulizibwa mchana kwa siku kadhaa, halafu usiku akiwa amelazwa, mimi nikihesabu pumzi zake hadi alfajiri. Ulipotolewa, kitundu hakikujifunga chenyewe, kikahitaji kushonwa. Kovu la kifuani ni mstari mfupi ambao yeye mwenyewe husahau kuwa upo.

Sauti ilirudi, ila ni nzito na yenye mikwaruzo, na anapokimbia huchoka kupaza sauti kabla ya wenzake. Neno lake la kwanza kusikika lilikuwa "maji". Mama yake aliangusha kikombe.

Mama Njiti alijibu:

Nimewasomea wote nyumbani, kwa sauti, mama mkwe akiwepo. Aliuliza tu kama mtoto atasikia maumivu ya ubavu, nami nimeliandika swali lake pamoja na yetu. Daktari, kuhusu asidi ya tumbo hatukuwahi kupimwa, na hucheua karibu kila usiku. Nilidhani ni maziwa. Hilo litakuwa la kwanza kuuliza. Baba wa Binti, mume wangu ameomba kuzungumza nawe kuhusu zile siku za kuziba mpira, ukipata nafasi. Kliniki ni Jumanne, naye amekwisha kuomba ruhusa kazini.