Umewahi kuingizwa kwenye igizo ukiwa mpita njia tu? Tupeane uzoefu

Wakuu, habari za leo. Niko Kigoma, Mwanga. Jambo hili halijanitoka moyoni, ndiyo maana nalileta kwenu.

Vijana wa sanaa walikuja sokoni na mkeka na vigoda viwili. Hakuna jukwaa, hakuna spika. Unakaa, anakaa mwingine, mnasalimiana. Sharti moja: marufuku kujibu "nzuri", "salama" wala "hatujambo".

Nikakalishwa na mama ninayenunua kwake migebuka, mwaka wa sita huu. Shikamoo mama. Marahaba. Habari za nyumbani? Akafungua mdomo, akaufunga. Akaanza kusugua vidole, magamba yakawa yanadondokea kwenye kanga yake. Mimi nimekwama, yeye amekwama, waliotuzunguka kimya. Mwishowe: "Paa limevuja usiku kucha, mwanangu. Sijalala."

Miaka sita namuuliza habari za nyumbani, siku hiyo ndiyo nazisikia. Zamu yake ilipofika akaniuliza za kazi. Kazi sina tangu mwezi wa pili, na kila asubuhi nilikuwa namjibu nzuri. Nikamwambia ukweli.

Kijana mmoja akanisimulia kwamba mwaka 2010 msanii Marina Abramović alikaa kwenye kiti katika jumba la makumbusho ya sanaa la MoMA, New York, karibu miezi mitatu. Anayetaka anakaa mbele yake, wanatazamana bila neno. Nadhani walifanya vyema kutuachia salamu. Kwetu ukimkazia mtu macho kimya, unamtafuta ugomvi.

Nyie je?

Mdau, Tabora: Mkuu, chuoni tulimsoma Augusto Boal, mtu wa maigizo wa Brazil. Kwake mtazamaji anasimamisha igizo, anachukua nafasi ya mwigizaji. Hapa nchini wasomi wa sanaa za maonyesho, akina Penina Muhando na Amandina Lihamba, walishirikisha wanakijiji wa Malya, mkoani Mwanza, kwenye maigizo mwanzoni mwa miaka ya 1980. Mimi nilikuja kuyaona mtaani kwetu. Igizo lilikuwa la foleni ya maji: jamaa anakuja, anachomeka ndoo yake mbele, "nina haraka, mama zangu". Bibi mmoja akanyanyuka, akabeba ile ndoo hadi mwisho wa foleni, akaifudikiza na kuikalia. Mwigizaji akabembeleza, bibi hasogei. Tulibishana mpaka magharibi, maana wengine walisema jamaa angeulizwa kwanza ana haraka ya nini.

Mdau, Ujiji: Nilikuwepo hapo Mwanga. Nilikataa kukaa. Nilikuwa na siku ya nne tangu tuzike, na hilo neno "salama" ndilo lililokuwa linanisitiri nikatoka nyumbani. Wakija tena waulize kwanza nani anataka. Mimi nilivutwa mkono mbele za watu, nikaondoka nalia.

Mwanzisha uzi: Pole sana kwa msiba, dada yangu. Hilo la kuvutwa mkono sikuliona, na si sawa kabisa. Nitawafikishia.

Leo asubuhi nimepita kwa yule mama. Sikuuliza za nyumbani, nimeuliza paa. Mabati mawili yamepatikana, bado misumari.