MJADALA: Migahawa ya kigeni ilazimishwe kununua viazi vya hapa?

Mwanzisha mada

Mapema Januari 2022, KFC iliishiwa chipsi nchini Kenya. Kampuni ikatoa ujumbe wa utani kwamba wateja wamezipenda mno mpaka zimekwisha, na anayetaka abadilishiwe chakula kingine. Utani huo haukumchekesha mtu. Ilipobainika kwamba chipsi zenyewe zilikuwa zikiagizwa kutoka nje, Misri, na kwamba mzigo umecheleweshwa na vurugu za usafiri wa meli wakati wa korona, watu wakauliza: Nyandarua, kaunti ya viazi, imehama? Kiazi ni zao la pili la chakula nchini baada ya mahindi. Ukipita barabara ya Nairobi kwenda Naivasha, pale Soko Mjinga, magunia yanakusalimu kabla ya wachuuzi.

Maelezo ya kampuni yalikuwa kwamba kila anayeiuzia chakula lazima apite kwenye ukaguzi wa ubora wa kimataifa, na ukaguzi huo haurukwi hata bidhaa ikiisha, kwa ajili ya usalama wa mlaji. Kelele na wito wa kususia vilipozidi, ikaahidi kuwaingiza wakulima wa hapa.

Msimamo wangu nauweka wazi mapema. Ukaguzi ni halali. Kinachonikera ni miaka. KFC ilifungua milango Nairobi mwaka 2011. Zaidi ya miaka kumi ikapita bila kiazi cha hapa kupata idhini, ilhali kuku wanaokaangwa pale wamefugwa nchini. Na kila mpishi anajua kuku mbichi ndiye mwenye salmonela, si kiazi. Kama mfugaji aliweza kusaidiwa hadi akatimiza masharti, mkulima wa viazi alishindikana vipi? Nionavyo mimi hakuna aliyemtafuta, maana kontena kutoka Misri lilikuwa halisumbui.

Kwa hiyo hoja yangu: msururu wowote wa migahawa upewe miaka mitatu, kisha sehemu fulani ya viazi vyake itoke nchini kwa lazima. Karibuni mnipinge.

Afisa Manunuzi, Mombasa

Nakupinga, ndugu, tena kwa heshima. Nimenunulia hoteli za Pwani vyakula kwa muda mrefu, na hoja yako ina tundu katikati. Unamlaumu mnunuzi wa chipsi kwa kutonunua viazi.

Migahawa hii haipokei magunia ya viazi. Hupokea katoni za chipsi zilizokwisha kumenywa, kukatwa kwa kipimo kimoja, kukaangwa nusu na kugandishwa. Kijana wa jikoni anafungua mfuko, anamwaga kwenye kikapu, kengele ikilia anatoa. Hakuna kisu, hakuna maganda, hakuna maji ya kuoshea, na hakuna mtu anayehitaji kujua kiazi kibovu kinafananaje. Mfumo mzima umejengwa juu ya hilo.

Sasa mletee Shangi, aina ya kiazi inayolimwa sana hapa, kutoka Kinangop. Mimi mwenyewe naipenda, inaiva upesi na vibanda vyote vinaitumia. Lakini wiki chache tu baada ya kuvunwa inaanza kuchipua. Macho yake yameingia ndani, ukimenya kwa mashine unatupa nyama nyingi. Gunia moja lina viazi vya mashamba matano. Siku mteja akiumwa tumbo na mkaguzi akauliza kiazi hiki kimetoka kwa nani na kilipuliziwa dawa gani lini, nani atajibu? Broka hakumbuki hata alilala wapi jana.

Kinachokosekana si mkulima. Ni kiwanda cha kugandisha chenye uwezo, umeme usiokatika na magari ya baridi. Sheria ya kulazimisha haijengi kiwanda.

Mkulima, Ol Kalou

Nimesoma nikacheka, halafu nikaacha kucheka.

Afisa, hayo ya Shangi ni kweli. Lakini tunajua aina zinazofaa chipsi. Markies ipo, na wapo wanaoilima kwa mkataba. Swali ni nani ananipa mbegu iliyothibitishwa na kwa bei gani. Wengi wetu tunapanda viazi vilivyobaki msimu uliopita, ndiyo maana mnyauko wa bakteria hautoki shambani. Mtu akianza na mbegu mgonjwa hana cha kukaguliwa.

Nikuambie mabroka wanashinda kwa nini. Broka anakuja na lori, analipa papo hapo, anaondoka. Ananipunja, najua. Sheria ilisema mfuko usizidi kilo 50, yeye ananijazia lumbesa, gunia la kupita kipimo, mpaka linavaa kofia. Lakini jioni nina pesa ya karo. Niliwahi kupeleka mzigo kwa kiwanda kimoja, sikitaji. Langoni wakapima viazi vichache, wakakaanga, wakasema vinageuka rangi, sukari imezidi. Lori zima likakataliwa. Gharama ya kurudi juu yangu. Vilivyopokelewa safari ya kwanza nililipwa baada ya miezi.

Kwa hiyo mkisema "mkulima atimize vigezo", nani anabeba hasara kigezo kikikataa?

Mpima Chakula

Naingia kwa sababu neno usalama linatumika hapa kama blanketi, kila kitu kinafunikwa.

Mwanzisha mada ana haki kusema kuku ni hatari zaidi kwa vijidudu. Chipsi hukaangwa kwenye mafuta ya nyuzi 170 hadi 180, hakuna bakteria wa maana anayetoka hapo mzima. Hatari kubwa ya vijidudu kwenye migahawa hii huja na vitu viwili: nyama isiyoiva na mboga mbichi. Mwaka 1993 Marekani, Jack in the Box iliuza nyama ya kusaga yenye bakteria wa E. coli O157:H7 isiyopikwa ikaiva. Zaidi ya watu 700 waliugua, watoto wanne wakafa. Oktoba 2024, McDonald's ikapata mkasa wa bakteria yuleyule, na safari hii aliyeshukiwa ni kitunguu kibichi kilichokatwa, kilichotoka kwa msambazaji mmoja. Wagonjwa 104 katika majimbo 14, mmoja alifariki. Angalieni vizuri: kitunguu cha Marekani, kwa walaji wa Marekani, kutoka kampuni kubwa yenye vyeti vyote. Kitu kuwa cha nyumbani hakikinyimi vijidudu, na cheti nacho hakivifukuzi.

Lakini kiazi nacho hakijasamehewa. Kina mambo matatu. Kwanza mabaki ya dawa za shambani. Pili solanini, ile sumu inayopanda kiazi kikipigwa na mwanga mpaka kikawa kijani, na kukaanga hakuiondoi. Yale magunia ya Soko Mjinga yanayokusalimu, Mwanzisha mada, yanakusalimu yakiwa juani. Tatu ni akrilamidi. Kiazi chenye sukari nyingi kikikaangwa kwa moto mkali kinakuwa cha kahawia na kutengeneza kemikali hiyo, ambayo wanasayansi wa Sweden waliikuta kwenye vyakula mwaka 2002 na inayohesabiwa kuwa huenda ikasababisha saratani. Kwa hiyo Mkulima, yule wa langoni aliyekaanga viazi vyako kuangalia rangi hakuwa anakuonea. Kukurudisha na lori lako bila kukueleza sukari imepandaje, hapo ndipo alipokosea.

Na sukari hupanda kwa nini? Mara nyingi kiazi kimevunwa hakijakomaa, au kimehifadhiwa kwenye baridi kali. Yote mawili yanarekebishika kwa mafunzo ya msimu mmoja au miwili.

Wa Dar

Jamani poleni na vyeti. Huku kwetu chipsi mayai inaliwa kila kona, viazi vinatoka Njombe na Mbeya, na sijawahi kusikia mji mzima umekosa chipsi kwa sababu meli imechelewa. Mafuta ndiyo usiulize yana umri gani.

Afisa Manunuzi, Mombasa

Wa Dar, umetania lakini umegusa. Kibanda hakiishiwi kwa sababu kinanunua leo cha leo, sokoni, kwa yeyote. Msururu wenye jina hauwezi. Kibanda kikimharishia mtu, anahama kibanda. Msururu ukimharishia mtu Kisumu, biashara inashuka mpaka Nyali kesho yake. Wanachouza ni kufanana. Ukiwalazimisha kununua popote, umewaondolea hicho wanachouza.

Mwanzisha mada

Sijasema popote. Nimesema hapa, kwa miaka mitatu ya maandalizi. Na mfano wa kuonyesha kwamba mkulima mdogo wa Kenya anaweza upo. Mishiri, yaani maharagwe mabichi, ya Kirinyaga inapanda ndege na kuliwa Ulaya. Mwanzoni mwa 2013 Umoja wa Ulaya uliamua asilimia 10 ya mizigo ya maharagwe mabichi na njegere kutoka Kenya ipimwe, baada ya kukutwa na mabaki ya dawa ya dimethoate. Ilikuwa pigo. Wako waliotupwa na kampuni zilizokuwa zikiwanunulia. Lakini mboga hazikuacha kwenda: wakulima wakawekwa kwenye vikundi, dawa zikaandikwa kwenye daftari, KEPHIS, wakaguzi wa serikali wa afya ya mimea, wakakaza upimaji. Kama daftari la dawa linawezekana kwa mshiri wa London, linawezekana kwa kiazi cha Westlands.

Mtu wa Forodha

Hamjataja COMESA, soko la pamoja la nchi za Mashariki na Kusini mwa Afrika. Kenya na Misri ziko katika eneo huria la biashara la COMESA. Chipsi za Misri zinazotimiza masharti ya asili ya bidhaa zinaingia bila ushuru wa forodha. Ukiandika sheria ya kusema sehemu fulani lazima iwe ya Kenya, jiandae kueleza mbele ya wanachama wenzako, na jiandae wao wakufanyie vivyo hivyo kwenye chai. Misri ni mnunuzi mkubwa wa chai yetu. Mkulima wa Kericho naye ana watoto wa kusomesha.

Serikali ikitaka kusaidia, ina njia zisizo za kulazimisha: mbegu, maabara za kaunti, ghala za kuhifadhia.

Mwenye Malori

Mimi nasafirisha vyakula vya baridi, na nadhani nyote mnabishana kuhusu kitu kisichohusika na kilichotokea 2022. Chipsi hazikuisha kwa sababu ni za Misri. Ziliisha kwa sababu kulikuwa na mlango mmoja na mlango ukafungwa.

Ushahidi upo kwa KFC hao hao. Februari 2018, Uingereza, walibadilisha kampuni ya kusambaza wakawapa DHL, na mzigo wa nchi ukategemea ghala moja lililopo mji wa Rugby. Siku chache tu, sehemu kubwa ya matawi yao yapatayo 900 yakafungwa. Duka la kuku halina kuku! Na kuku walikuwapo nchini. Kilichokwama ni magari na mpangilio wa ghala. Kununua ndani kungewasaidia nini?

Japani nayo, Desemba 2021, McDonald's iliuza chipsi za ukubwa mdogo tu kwa wiki nzima, kwa sababu mafuriko karibu na bandari ya Vancouver yalichelewesha viazi kutoka Amerika Kaskazini. Yaani majuma mawili tu kabla ya Nairobi, onyo lilikuwa gazetini. Mtu wa ugavi aliyesoma habari ile na hakuhesabu katoni zake, huyo ndiye wa kuulizwa.

Na ukihamisha viazi vyote Nyandarua? Mwaka wa ukame, au barabara ya Njabini ikiwa tope, mlango ni uleule mmoja, umebadilisha bawaba.

Mwanzisha mada

Hapo Mwenye Malori umenibana, na nitaipanga upya hoja yangu. Naacha kiwango cha lazima cha viazi vya nchini. Badala yake nasema: msururu uwe na angalau vyanzo viwili vilivyokwisha kuidhinishwa kwa kila bidhaa kuu, kimoja kikiwa kinafikika kwa barabara. Hilo halimbagui Misri, kwa hiyo Mtu wa Forodha apumzike. Na kwa kiazi, chanzo cha barabara ni Nyandarua, Nakuru, Meru, Elgeyo Marakwet, hata Arusha kupitia Namanga, Wa Dar asijisikie ametengwa.

Nisilolegeza ni ukaguzi wenyewe. Kampuni iseme hadharani masharti yake ni yapi: sukari kiasi gani, ukubwa gani, dawa zipi marufuku. Sharti lisilosomeka haliwezi kutimizwa na mtu, na mwenye nalo anaweza kulisogeza kila ukikaribia.

Afisa Manunuzi, Mombasa

Kutangaza masharti nakubali, hata sisi hotelini tungefaidika. Vyanzo viwili ni ghali. Chanzo cha pili kinachokaa kusubiri dharura hakiishi kwa kusubiri, lazima kipewe kazi kila mwezi, angalau robo ya mzigo. La sivyo siku ya dharura utapiga simu utakuta kiwanda kimegeuzwa godauni la simiti. Na bei ya sahani itapanda kidogo. Mlaji aambiwe ukweli huo mapema.

Mpima Chakula

Na robo hiyo isipimwe langoni peke yake. Mpeleke mtu shambani wiki mbili kabla ya kuvuna, achimbue mashina machache, apime, akaange. Kama havijakomaa, vinabaki ardhini, hakuna lori linalorudishwa. Gharama yake ni mshahara wa kijana mmoja mwenye pikipiki na sufuria.

Mkulima, Ol Kalou

Huyo wa pikipiki mleteni hata kesho, chai iko. Lakini mkataba uandikwe hivi: akishapima shambani na kukubali, mzigo ni wa kampuni kuanzia pale shambani, na malipo ndani ya siku 14. Afisa, wewe umekaa upande wa wanunuzi. Kuna kampuni ingetia sahihi hapo?

Afisa Manunuzi, Mombasa

Siku 14, ngumu. Siku 30 na malipo ya awali ya mbegu, ningeweza kuipeleka kwa wakubwa na nisifukuzwe.

Mkulima, Ol Kalou

Mbegu za Markies zitolewe Februari, kabla ya mvua ndefu. Zikija Aprili msijisumbue.