Beit al-Ajaib ikiinuliwa upya, itabaki kuwa nyumba ile ile?

Muulizaji
Assalamu alaikum ndugu zangu. Tangu tarehe 25 Desemba 2020, uso wa Beit al-Ajaib, yaani Jumba la Maajabu la Mji Mkongwe, ulipoporomoka pamoja na mnara wake wa saa na watu wawili wakapoteza maisha, kuna swali ambalo haliniachi. Jumba hili lilijengwa na Sultani Barghash bin Said mwaka 1883, na ndilo lililotangulia kuwaka taa za umeme Unguja. Ukuta ulioanguka ukiinuliwa kwa mawe mengine na mikono mingine, je, tutakuwa tumeihifadhi nyumba ya Barghash au tutakuwa tumejenga mfano wake? Tena, iweje jumba lililonusurika mizinga lishindwe na umri?

Msomaji wa historia
Waalaikumu salaam. Swali lako la kwanza linajibiwa na nyumba yenyewe. Tarehe 27 Agosti 1896, manowari za Waingereza zilipoipiga ikulu kwa muda usiofika dakika 45, jumba jirani la Beit al-Hukm liliangamia, lile la Beit al-Sahel likaharibika vibaya, na mnara uliosimama peke yake mbele ya Beit al-Ajaib ukabomolewa, ilhali jumba lenyewe lilipata madhara madogo. Ni katika matengenezo ya baada ya vita ndipo mnara ulipounganishwa na uso wa jumba. Maana yake ni kwamba mnara tulioulilia mwaka 2020, Barghash, aliyefariki mwaka 1888, hakuuona kamwe mahali pale. Baadaye jumba likawa ofisi za serikali ya Kiingereza, na baada ya Mapinduzi likapewa kazi nyingine, hadi likawa makumbusho. Mimi ningeurudisha mnara, kwa kuwa wote tulio hai tumeijua nyumba ikiwa nao, ila ningetaka mawe mapya yatiwe alama ndogo ili mtafiti wa kesho asidhani ni ya zamani.

Fundi mwashi
Naomba nilijibu la pili. Nyumba nyingi za Mji Mkongwe zimejengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, na vyumba vyake ni vyembamba kwa sababu boriti za mikoko hazifai kuvuka zaidi ya mita 3 hivi. Beit al-Ajaib ilitoka nje ya kipimo hicho: ina kumbi pana, na nguzo za chuma zinazobeba roshani zake. Uzuri wake na udhaifu wake vilitoka mahali pamoja, kwani chuma kikipata hewa ya bahari hushika kutu, kutu huvimba, na kinachokizunguka hupasuka. Roshani ilikwisha kuanguka sehemu mwaka 2012, na hilo lilikuwa onyo tosha.

Ninachokichukia zaidi ni saruji. Niliwahi kuitwa kwenye nyumba ya zamani iliyopigwa lipu ya saruji ili iimarike. Nilipougonga ukuta kwa kifundo cha kidole ulilia kama mtungi mtupu. Nilipobandua kipande, nyuma yake nilikuta unga mweupe wa chumvi, na chokaa ya zamani imelowa, ikimwagika kiganjani kama mchanga. Ukuta wa matumbawe hunyonya unyevu na kuutoa. Ukiuziba, unyevu hubaki ndani na kuula.

Mchangiaji mwingine
Naongeza neno moja tu. Kifusi kisichukuliwe kama taka: kila jiwe, ubao na kipande cha chuma kipimwe na kupigwa picha kabla ya kuhamishwa, kwa sababu ndicho kitakachotuambia ukuta ulifumwaje.

Muulizaji
Nawashukuru nyote. Fundi, kama chokaa ndiyo dawa, mbona saruji inarudi kila mara?

Fundi mwashi
Ni kwa sababu ya haraka, ndugu yangu. Chokaa huzimwa kwa maji na kuachwa ilale kwa wiki nyingi, na ikishapakwa hukauka na kushika polepole kwa kuvuta hewa, tabaka moja lisubiri jingine. Mkataba ukimpa fundi miezi michache kwa kazi ya mwaka mzima, atashika saruji hata kama anajua madhara yake. Kwa hiyo mimi huuliza kwanza muda uliotengwa, kisha ndipo niulize fedha.