Mtoto wa miezi 26 haunganishi maneno: je, ni lugha mbili?

Mama wa Nakuru:
Hamjambo. Maneno ninayoyasikia kwa mwanangu hayazidi 15, na mengine tunayaelewa mimi na bibi yake tu. Akitaka kitu hunivuta mkono hadi kabatini na kukionyesha kwa kidole. Mchana hukaa na mama mkwe, ambaye huzungumza naye Kikuyu, ilhali mimi na baba yake tunatumia Kiswahili. Jirani anasema akatwe kijinyama cha chini ya ulimi, na mume wangu anataka bibi aache Kikuyu kwanza. Nifuate ushauri upi?

Muuguzi wa kliniki ya watoto:
Dada, usifuate hata mmoja. Kijinyama kifupi huweza kumsumbua mtoto anaponyonya, na pengine katika matamshi ya sauti fulani, lakini hakimzuii kujifunza maneno wala kuyaunganisha, na wembe wa mtaani huleta damu na maambukizi. Anza na masikio. Majimaji yakikaa nyuma ya kiwambo cha sikio, mtoto bado hugeuka akiitwa kwa nguvu, huku sauti nyepesi kama s na f zikimpita. Ndiyo maana kugonga sufuria nyuma yake si kipimo. Omba apimwe usikivu hospitalini.

Mwalimu wa chekechea:
Mama, hesabu maneno ya lugha zote mbili pamoja: akimwambia bibi "iria" na wewe "maziwa", ana maneno mawili. Watoto wengi wa miaka miwili wana maneno yapatayo 50 na huunganisha mawili mawili, kwa hiyo hesabu yenu ikiwa ndogo hata baada ya kumuuliza bibi, mpeleke kwa mtaalamu wa tiba ya usemi bila kungoja afikishe miaka mitatu. Kuzungumziwa lugha mbili hakuchelewishi usemi, na bibi akinyamazishwa mtoto atakosa mtu wa kuzungumza naye mchana kutwa. (Baba naye angefanya vyema kuzungumza zaidi badala ya kuwapunguzia wengine maneno.) Anapokuvuta kabatini, mtazame, subiri kidogo, kisha useme, "Unataka kikombe? Kikombe hiki hapa." Usimlazimishe kurudia. Akisema "taka maji" usimkemee, kwani watoto wanaojifunza Kiswahili huangusha viambishi vya mwanzo kabla ya kuvimudu. Kumbuka pia kwamba mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2019 unataka mtoto wa miaka miwili asizidishe saa moja ya skrini kwa siku.

Mama wa Nakuru:
Ahsanteni. Tumehesabu na bibi, bado hayafiki 30. Sikio la kushoto hutoa usaha kila apatapo mafua, nasi huwa tunatia mafuta ya uvuguvugu.

Muuguzi wa kliniki ya watoto:
Acheni mafuta, dada, na msitie chochote ndani. Sikio linalotoa usaha mara kwa mara huenda lina tundu kwenye kiwambo. Mpeleke wiki hii, atibiwe kwanza, na kipimo cha usikivu kifanywe likishakauka.