Msaada wakuu: soseji za mchuzi zinanipasukia, na mama mkwe anakuja Jumamosi

BabaPendo_Nyegezi

Wakuu, habari za jioni.

Naomba mniokoe. Mke wangu amesafiri kikazi, nimebaki na watoto wawili hapa Nyegezi, na Jumamosi mama mkwe anashuka na meli kutoka Ukerewe kuja kuwaona wajukuu. Wajukuu wenyewe wameshaamua bibi yao atakula nini: soseji za mchuzi. Walizila kwenye bethidei ya mtoto wa jirani, mchuzi mzito mwekundu, soseji imelazwa ndani ya mkate. Nikajisemea, kitu gani hiki cha kunishinda mimi niliyejipikia ugali na dagaa miaka sita ya ubachela?

Jumapili nikajaribu. Kitunguu, nyanya nne, mchuzi mix kijiko cha kujaa, chumvi, maji vikombe viwili, soseji pakiti nzima nikatumbukiza humohumo. Nikafunika, nikaenda kumwogesha mdogo. Kurudi, soseji zimepasuka kwa urefu, zimeachama kama mdomo wa kambare. Mchuzi ni maji, mafuta yanaelea juu. Na chumvi sasa! Mkubwa alionja akaniangalia, akasema, "Baba, haya ni maji ya bahari." Bahari yenyewe hajawahi kuiona.

Jumatatu nikabadilisha, nikanunua zile nyembamba ndefu. Hazikupasuka, ila zilikuwa mpira mtupu. Unatafuna, zinarudi.

Natumia jiko la mkaa, gesi imeisha na mshahara bado. Nakosea wapi? Nawasilisha.

Ngosha wa Igoma

Mkuu, mtu anatoka Ukerewe, kisiwa kizima kinanuka samaki, wewe unampa soseji? Amka alfajiri nenda Mwaloni pale Kirumba, chukua sato wawili, mada imeisha.

BabaPendo_Nyegezi

Ngosha, hilo nimeshalitamka nyumbani. Mdogo alilia mpaka akapaliwa. Tuendelee na soseji.

Mama Kitoweo

Pole mwanangu. Kwanza nijibu, hizo za Jumatatu zilizokuwa mpira, uliziambua?

BabaPendo_Nyegezi

Kuambua nini tena, mama?

Mama Kitoweo

Haya, nilijua. Kuna soseji zinauzwa na karatasi yake ya plastiki imezibana kama ngozi. Ile hailiwi. Unachana kwa ncha ya kisu toka mwanzo hadi mwisho, unavuta, inatoka yote kama soksi. Wewe umewapikia wajukuu wa watu plastiki. Usimwambie mkweo.

Mtu wa Bucha

😂😂 Mama amemaliza ya Jumatatu, mimi nichukue ya Jumapili. Nimeshika mashine ya kusaga nyama miaka mingi, hili nalijua.

Soseji ni nyama iliyosagwa laini ikachanganywa na mafuta, maji au barafu, chumvi na viungo, ikashindiliwa kwenye ngozi. Moto ukiwa mkali, ndani mvuke unatafuta pa kutokea, nje ngozi inasinyaa. Lazima kimoja kishindwe. Ikishapasuka, mafuta na chumvi yake vyote vinahamia kwenye mchuzi. Ndiyo yale uliyoyaona yanaelea, ndiyo na bahari ya mwanao.

Soseji hazitaki mchemko. Zinataka maji ya moto yaliyotulia, kama nyuzi 80 hivi. Sisi hapa Mwanza ziwa lenyewe liko kama mita 1,134 juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo maji yanachemka kwenye nyuzi 96 hivi, hayafiki 100. Lakini hata hizo 96 zinatosha kuipasua. Angalia viputo: vikipanda viwili vitatu pembeni mwa sufuria, hapo ndipo. Sufuria ikianza kunguruma, umeshachelewa.

Jambo la pili, jua umenunua nini. Zile za hotidogi nyingi zimeshaivishwa kiwandani, kazi yako ni kuzipasha tu. Lakini kuna mbichi pia, ukiminya zinabonyea kama unga uliokandwa. Hizo zikaange kwanza kwa moto mdogo, uzigeuzegeuze, ndiyo ziingie kwenye mchuzi zimalizie kuiva. Na usihukumu kwa rangi, maana zilizotiwa dawa ya nitriti hubaki za pinki hata zikiiva. Ukiwa na kipimajoto, katikati ifike nyuzi 74. Huna, kata moja katikati uone kama mvuke unatoka.

Mjomba wa Ughaibuni

Anachosema Mtu wa Bucha ni kweli kabisa. Niliishi New York miaka kadhaa. Wauzaji wa mikokoteni kule wanaziacha soseji kwenye maji ya moto kwa saa nyingi na hazipasuki, kwa sababu maji hayachemshwi. Pembeni ana chombo cha vitunguu vilivyopikwa na nyanya mpaka vikalainika, vina uchachu na utamu kwa mbali, hivyo ndivyo anakumwagia juu ya mkate. Ukienda Detroit ni habari nyingine, wanamwagia mchuzi wa nyama ya kusaga wenye viungo. Kote huko mchuzi unapikwa peke yake, soseji peke yake, vinakutana mwishoni.

Ngosha wa Igoma

Haya, ughaibuni umeshaingia. Baba Pendo, chumvi ikizidi tia kiazi kibichi, kinanyonya chumvi yote. Mama yangu alifanya hivyo.

Mtu wa Bucha

Ngosha, kiazi kinanyonya mchuzi pamoja na chumvi yake. Unaobaki una chumvi ileile, ila umepungua. Dawa ni kuongeza nyanya na maji yasiyo na chumvi. Dawa kubwa zaidi ni kutotia chumvi kabisa mpaka soseji zimekaa ndani na umeonja. Zenyewe zina chumvi, mchuzi mix nao una chumvi, halafu wewe ukaongeza ya tatu.

Afya Kwanza

Samahani kuharibu chakula cha watu. Shirika la Afya Duniani kupitia taasisi yake ya utafiti wa saratani, mwaka 2015, liliweka nyama za kusindikwa, soseji zikiwemo, kwenye kundi la vitu vinavyosababisha saratani. Walisema gramu 50 kila siku zinaongeza uwezekano wa saratani ya utumbo mpana kwa asilimia 18. Watoto wasizoee.

Mama Kitoweo

Umesema vizuri, na umesema kila siku. Hapa ni Jumamosi moja na bibi yao. Ila kwa kuwa tunazungumzia watoto, Baba Pendo, huyo mdogo ana miaka mingapi?

BabaPendo_Nyegezi

Mitatu na miezi, mama.

Mama Kitoweo

Basi ya kwake usiikate vile viduara. Kiduara kinaenea sawasawa kwenye koo la mtoto, kinaziba. Pasua kwa urefu mara nne, kisha ukate vipande vidogo, na ale amekaa.

Sasa mchuzi. Kwa pakiti ya nusu kilo chukua vitunguu vikubwa viwili ukate vyembamba. Nyanya sita zilizoiva kabisa, zile laini ambazo muuzaji anakupunguzia bei. Karoti moja uikwaruze, hoho nusu, kitunguu swaumu punje tatu. Vitunguu kwenye mafuta kiasi, moto wa wastani, visiungue, viwe laini na rangi ya dhahabu. Hapo ndipo wengi mnakimbilia nyanya. Subiri. Utamu wa mchuzi huu unatoka kwenye kitunguu kilichopewa muda.

Swaumu, karoti na hoho zikifuata, ndiyo nyanya. Usitie maji! Nyanya zina maji yao. Funika zilainike, kisha funua ukaange. Mwanzo utaona wekundu wa majimaji, unaruka na kukuchoma mkono. Endelea. Taratibu rangi inageuka kuwa ya matofali, na mafuta yanaanza kujitenga pembeni. Mwiko ukipita chini ya sufuria, njia yake inabaki wazi kidogo kabla mchuzi haujarudi kuifunika. Hapo rosti imeiva. Sasa nusu kikombe cha maji ya moto, sukari ya kubana kwa vidole viwili, mchuzi mix nusu kijiko kama huwezi kuishi bila hiyo.

Halafu moto. Una mkaa, basi toa makaa mengine, yaliyobaki yafunike na majivu. Soseji ziingie, ufunike nusu, dakika kumi. Usiende kumwogesha mtu.

Mwisho onja, ndiyo uamue chumvi. Kamulia ndimu kidogo.

Dada wa Buzuruga

Mama, mimi huwa nazichanja mshazari kidogo kabla ya kuziweka ili mchuzi uingie. Nakosea?

Mama Kitoweo

Hukosei, zinapendeza. Ila zinatoa mafuta na chumvi zaidi, upunguze kwingine. Huyu mwenzetu kwa sasa aziache nzima, asiongeze mambo.

Mtu wa Bucha

Nyongeza ndogo. Umeme ukikatika usiku, usizirudishe kwenye friza soseji zilizoyeyuka zikashinda nje. Zikikaa kwenye joto zaidi ya saa mbili, achana nazo. Halafu soma pakiti ni nyama gani, ng'ombe, kuku au nguruwe. Mgeni asije akala asichokula.

BabaPendo_Nyegezi

Nimeandika kila kitu kwenye daftari la hesabu la mkubwa. Nitaleta mrejesho.

*(Jumamosi, saa 3 usiku)*

BabaPendo_Nyegezi

Wakuu, mrejesho.

Meli ilichelewa, nikapata muda. Vitunguu nimevikalia dakika ishirini kasoro, mkubwa akaniuliza mara mbili kama nimelala. Nyanya zilinichoma kweli, mama, nina alama mkononi. Ile njia ya mwiko nilipoiona niliita watoto waje kushangaa. Hawakushangaa.

Makaa nikatoa, nikamwaga majivu, soseji zikaingia. Nilikaa juu ya kigoda nikizikodolea kama mtu aliyetega ndoano. Haikupasuka hata moja. Chumvi sikuongeza kabisa.

Mama mkwe akafika. Akapewa mkate na soseji yake, akaigeuza, akainusa, akaniuliza, "Baba Pendo, huyu ni mnyama gani?" Nikamwambia ng'ombe. Akasema, "Ng'ombe wa wapi huyu asiye na mfupa?" Alikula nusu kwa heshima, nusu akampa mdogo (nilishaikata kwa urefu, mama). Halafu akauliza kama kuna ugali. Nikasonga. Amekula ugali na ule mchuzi mtupu, sahani mbili, akafuta na ya tatu kwa tonge. Sasa hivi amelala.

Ngosha wa Igoma

Si nilisema? 😂 Picha iko wapi?

BabaPendo_Nyegezi

Picha sikukumbuka. Ila mchuzi umebaki kama vikombe viwili, na mama mkwe ameacha maagizo: kesho anataka huohuo, ila uwe na sato. Mama Kitoweo, nitaweza kuutumia?

Mama Kitoweo

Utaweza. Ukishapoa uuweke kwenye friji leo hii, usilale jikoni. Kesho uuchemshe kabisa, uongeze nyanya moja na maji kidogo, sato umpake ndimu, umkaange kidogo akauke ngozi, ndiyo aingie. Akishaingia usikoroge, tikisa sufuria tu. Na Kirumba uende mapema, ikifika saa mbili wazuri wamekwisha.