Tuko watatu kati ya 24 kwenye kikoba, tufanyeje wenzetu watuelewe?

Mwanahisa: Wakuu, naomba ushauri. Mwaka jana mikopo miwili isiyo na wadhamini haikurudi, mgawo ukawa mdogo. Watatu tunataka kila mkopo uwe na wadhamini wawili, viongozi wakiwemo. Wenzetu wanasema tunavunja undugu, wengine wametununia. Kikao kilichopita mmoja wetu akalegea, akasema "basi, tuyaache." Na sisi tukubali yaishe?

Msomaji: Mkuu, kulegea kwa huyo kumewaumiza kuliko uchache wenu. Mwaka 1969 mwanasaikolojia Serge Moscovici na wenzake huko Ufaransa waliwaonyesha watu slaidi 36, zote za bluu. Kila kundi lilikuwa la watu sita, wawili wakiwa wamepangwa kusema ni kijani. Hao wawili waliposhikilia kijani mwanzo mpaka mwisho, asilimia 8.42 ya majibu ya wale wanne yakawa kijani. Walipoyumba, kijani mara 24 na bluu mara 12, ikawa asilimia 1.25 tu. Ni kidogo, ndiyo, lakini pale watu walikuwa wanabishana na macho yao wenyewe. Ninyi mnasema jambo lililowatoa watu fedha mfukoni.

MamaHisa: Kweli, ila msimamo usigeuke ukaidi. Kwetu tulidai wadhamini hata kwa mkopo wa elfu hamsini, tukaonekana wakorofi. Tulipokubali mkopo usiozidi hisa za mtu upite bila mdhamini, ndipo wakaanza kutusikiliza. Hoja yenyewe hatukuiachia. Halafu rejesheni mikopo yenu kabla ya tarehe. Mwenye deni akisimama kikaoni nani atamsikiliza?

Kimya_Kimya: Ombeni kura ya siri. Wengi wanaokubaliana nanyi wanaogopa kunyoosha mkono. Kwenye majaribio ya mwanasaikolojia Solomon Asch ya kulinganisha urefu wa mistari, miaka ya 1950, kundi lilipangwa litoe jibu la uongo kwa sauti, na baadhi ya watu wakalifuata; akipatikana hata mtu mmoja wa kusema ukweli, waliofuata mkumbo walipungua sana. Mimi mwenyewe niliwahi kunyamaza hivyo kikundini, na bado inaniuma.

Mwanahisa: Asanteni sana. Huyo mwenzetu ni jirani, namfuata leo jioni kabla ya kikao cha Jumamosi. Hilo la mkopo usiozidi hisa sikuwa nimelifikiria. Mwenye kipengele cha wadhamini kwenye katiba ya kikundi chake aniwekee hapa, tafadhali.