Mahakama ikikwambia "wewe hujaguswa", nani atamsemea asiyeweza?

Kijana wa Njiro
Wakuu, Ibara ya 26(2) inampa kila mtu haki ya kuchukua hatua za kisheria kulinda Katiba. Mwaka 2020 Bunge likabadili Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi: ikatakiwa anayefungua shauri ale kiapo na kueleza yeye binafsi ameumizwaje. Mwanaharakati Rebeca Gyumi alipopinga vifungu vya ndoa za utotoni, akashinda 2016 na tena Mahakama ya Rufani 2019, hakuwa analilia ndoa yake. Kwa kipimo cha 2020 angefika wapi?

Mzee wa Kibosho
Kijana, kidonda kina mwenyewe. Kila mwanaharakati akifungua kesi, zetu za mashamba zitasikilizwa lini? Hata barabara ya Serengeti waliyoipinga ni Wakenya, wakaja kutushtaki hapo hapo Arusha, 2012 sijui 2013, watu wa Loliondo, jirani na hifadhi, wakabaki na vumbi.

Mama Sakina
Shikamoo mzee. Hukumu ni Juni 2014, Mahakama ya Afrika Mashariki, na iliyokataliwa ni lami kukatiza hifadhi. Nyumbu wakiacha kupita, vijana wetu wanaoendesha watalii watakula nini?

Chalii wa Kijenge
Mama, mimi ndiye huyo dereva, usinisemee! Wageni wanatua Nairobi, hela inabaki huko, sisi tunawapokea Namanga wamebakiwa na chenji. Leo Mkenya ndiye wa kutulindia nyumbu?

Mama Sakina
Mwanangu, nimetetea Serengeti. Wapi nimemtaja Mkenya kwa wema?

Wakili, Moshi mjini
Jamani, mada. Mlango huu wa kushtaki kwa niaba ya wengine aliufungua Jaji Lugakingira kwenye kesi ya mwanasiasa Mtikila ya 1993, ya mgombea binafsi. Mwaka 2010 Mahakama ya Rufani ikasema hilo ni la Bunge. Mtikila akaja Mahakama ya Afrika, hapa Arusha, akashinda 2013. Mwaka 2019 serikali ikaondoa tamko lililomruhusu raia kwenda pale moja kwa moja. Sasa mzee, huyo mwenye kidonda aende wapi?

Chalii wa Kijenge
Aende mahakama za nyumbani. Hizo nyingine ni za majirani. Hata wale wa Loliondo waliofungua kesi, nusu wametokea Narok, Kenya.

Ole wa Ololosokwan
Narok?! Nimezaliwa Ololosokwan, huko huko Loliondo, baba yangu pia. Vijiji vyetu vinne vilishindwa kesi ya ardhi Mahakama ya Afrika Mashariki Septemba 2022, rufani ya Novemba 2023 ikaamuru shauri lisikilizwe upya. Mnataka aliyeguswa? Ndiye sisi. Maboma yetu yalichomwa, tumekwenda wenyewe, na bado unatuita Wakenya. Futa hiyo kauli.

Chalii wa Kijenge
Sifuti. Nimesema nusu.

Ole wa Ololosokwan
Nusu ipi? Taja ukoo mmoja tu.

Mzee wa Kibosho
Chalii, muombe mwenzako radhi. Halafu mama, hilo la lami bado hujanijibu.